Don King
Don King (alizaliwa Cleveland, Ohio, 20 Agosti 1931) ni promota wa ngumi za kulipwa kutoka nchini Marekani. Anajulikana kwa nywele zilizosimama wima na maneno mengi, na vilevile kwa kesi za mabondia waliodai amewadhulumu.

Kabla ya kuingia katika ngumi aliendesha kamari haramu mjini Cleveland. Mwaka 1966 alimpiga hadi kufa mfanyakazi wake kwa sababu ya deni la dola 600, akafungwa karibu miaka minne kwa kosa la kuua bila kukusudia. Gavana wa Ohio alimsamehe mwaka 1983.

Jina lake lilivuma mwaka 1974. Aliwaahidi Muhammad Ali na George Foreman dola milioni 5 kila mmoja, fedha ambazo mwenyewe hakuwa nazo. Ujanja wake ulikuwa hapo: saini kwanza, fedha baadaye. Rais Mobutu wa Zaire (leo Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo) alikubali kugharamia pambano hilo, likafanyika Kinshasa tarehe 30 Oktoba, karibu na alfajiri, ili liende sambamba na saa za jioni za Marekani. Ali alishinda katika raundi ya 8.

Ali huyohuyo alimshtaki King mwaka 1982 akidai zaidi ya dola milioni 1 za pambano lake na Larry Holmes; mwishowe alikubali dola 50,000 tu kesi ifutwe. Mike Tyson alidai dola milioni 100 mwaka 1998, wakapatana mwaka 2004 kwa milioni 14. Serikali nayo ilimshtaki kuhusu kodi, kisha kuhusu bima, lakini mara zote mbili aliachiwa huru.