Kanisa Kuu la Kulala kwa Mama wa Mungu, Moscow

Kanisa Kuu la Kulala kwa Mama wa Mungu (kwa Kirusi: Успенский собор, Uspensky Sobor) ni kanisa la Kiorthodoksi lililopo ndani ya ngome ya Kremlin, mjini Moscow, Urusi. Lilijengwa kati ya miaka 1475 na 1479 kwa agizo la mtawala Ivan III, chini ya usimamizi wa Mwitalia Aristotele Fioravanti. Ndimo watsari wa Urusi walimovikwa taji, kuanzia Ivan IV mwaka 1547 hadi Nikolai II mwaka 1896. Sura yake ni ya Kirusi, lakini mbinu nyingi za ujenzi wake zilitoka Italia.

Historia

Kanisa la kwanza la mawe mahali hapo lilijengwa miaka 1326–1327, wakati wa Ivan Kalita. Kufikia miaka ya 1470 lilikuwa dogo na limechakaa, hivyo likabomolewa. Mwaka 1472 mafundi wawili wa Kirusi, Krivtsov na Myshkin, walianza kujenga jipya. Mwezi Mei 1474, kazi ikiwa karibu kwisha, jengo liliporomoka. Mafundi kutoka mji wa Pskov walioitwa kulichunguza walisema chokaa ilikuwa nyepesi mno, haikushika mawe. Kumbukumbu za wakati huo zinataja pia tetemeko la ardhi.

Ndipo Ivan III alipotuma mjumbe Italia kutafuta mjenzi. Fioravanti, mwenyeji wa Bologna, alikuwa amejipatia sifa mwaka 1455 kwa kuhamisha mnara mzima bila kuubomoa.

Asili ya muundo

Fioravanti hakuletwa ajenge kanisa la Kiitalia. Alipelekwa kwanza Vladimir, mashariki ya Moscow, kutazama kanisa kuu lenye jina hilohilo, lililojengwa miaka 1158–1160 na kupanuliwa miaka 1185–1189 baada ya moto. Sababu haikuwa uzuri peke yake. Vladimir ulikuwa makao ya watawala wakuu waliotangulia, na Moscow ilitaka kutambuliwa kuwa mrithi wake.

Kutoka Vladimir alichukua kuba tano, kuta za mawe meupe, madirisha membamba, mstari wa matao madogo ya mapambo katikati ya kimo cha kuta, na matao ya nusu duara yanayozimaliza kuta kwa juu.

Mbinu za ujenzi

Mengine aliyabadilisha. Alichimba msingi wenye kina cha zaidi ya mita 4 na kuuimarisha kwa magogo ya mwaloni. Alianzisha tanuri la matofali karibu na monasteri ya Andronikov. Matofali yake yalikuwa magumu kuliko yaliyozoeleka, akayatumia kwenye sehemu za juu ili kupunguza uzito. Alihimiza chokaa ikorogwe nzito. Badala ya mbao za kufungia kuta, alitumia vyuma.

Ramani ya ndani nayo ni tofauti. Katika makanisa ya zamani njia ya katikati ilikuwa pana kuliko za pembeni. Fioravanti alipanga nguzo 6 katika safu mbili, zikagawa nafasi yote katika sehemu 12 zilizo sawa. Nguzo 4 ni za mviringo, na 2 za mraba zimefichwa nyuma ya ukuta wa picha takatifu (ikonostasi). Kwa hiyo ndani panaonekana kama ukumbi mmoja mpana, wenye mwanga.

Athari

Kanisa lilitabarukiwa mwezi Agosti 1479. Waandishi wa kumbukumbu walilisifu kwamba lilionekana kama limechongwa katika jiwe moja. Baadaye likawa kielelezo kwa makanisa mengine, kama vile lile la monasteri ya Novodevichy na la Mtakatifu Sofia mjini Vologda. Tangu mwaka 1990 ni sehemu ya Urithi wa Dunia wa UNESCO, pamoja na Kremlin yote na Uwanja Mwekundu.