Mboji

Mboji (pia: mbolea ya vunde) ni mbolea inayopatikana kwa kuozesha mabaki ya mimea na wanyama. Kazi hiyo hufanywa na bakteria, kuvu na wadudu wadogo, ambao huhitaji chakula, maji na hewa. Lundo linalokosa kimojawapo huchelewa kuoza au hunuka.

Malighafi

Mabaki makavu, kama majani makavu, mabua ya mahindi yaliyokatwakatwa na maranda, yana kaboni nyingi. Mabaki mabichi, kama maganda ya ndizi, mabaki ya mboga na majani mabichi, yana nitrojeni nyingi, na samadi vilevile. Uwiano unaofaa ni takriban sehemu 25 hadi 30 za kaboni kwa sehemu 1 ya nitrojeni. Nyumbani hukadiriwa kwa ndoo 2 au 3 za makavu kwa ndoo 1 ya mabichi. Nyama, samaki na mafuta havitiwi kwa sababu huvutia panya na nzi. Kinyesi cha mbwa na paka huweza kuwa na vimelea vya magonjwa.

Utengenezaji

Lundo hujengwa kivulini, juu ya udongo, mahali pasipotuama maji. Chini huwekwa vijiti ili hewa ipite, kisha tabaka za makavu na mabichi kwa zamu, kila moja ikinyunyiziwa maji. Lundo lenye mita 1 kila upande hutunza joto vizuri. Juu hufunikwa kwa nyasi au majani ya mgomba.

Fimbo ndefu huchomekwa hadi katikati. Ikichomolewa baada ya siku chache ikiwa na joto, uozaji umeanza. Joto la ndani linaweza kufikia sentigredi 55 hadi 65, kiasi cha kuua mbegu nyingi za magugu na vimelea. Likishuka, lundo hugeuzwa ili mabaki ya nje yaingie ndani.

Matatizo

Harufu mbaya huonyesha kwamba maji yamezidi na hewa imepungua. Lundo hugeuzwa na kuongezewa makavu. Lisipopata joto, huenda ni kavu mno, ni dogo, au limekosa mabichi.

Kukomaa

Katika maeneo ya joto, lundo linalogeuzwa mara kwa mara huweza kukomaa kwa miezi 2 hadi 3. Mboji iliyokomaa ni nyeusi au kahawia, hunukia udongo na haina joto. Ikitumika kabla ya kukomaa, bakteria huendelea kuiozesha shambani na kuchukua nitrojeni inayohitajiwa na mimea, hata majani yakawa ya njano.