Nembo za magari: Faida iko kwenye msasa

KATI ya kazi zinazoweza kuanzishwa uani kwa mtaji mdogo, kupuliza rangi nembo za magari ni mojawapo. Magari mengi ya Dar es Salaam huingia yakiwa yameshatumika Japani, na nembo zake huwa zimefifia au zimechubuka. Kuna wenye magari wanaozitaka ziwe nyeusi, na anayetaka kuuza gari hutaka lionekane nadhifu. Mteja yupo.

Anayeingia katika kazi hii hukimbilia kununua rangi, na hapo ndipo hasara huanzia. Nembo nyingi ni plastiki ngumu iliyopakwa kromu, nayo kromu ni laini mno kushika rangi. Ikipuliziwa hivi hivi hupendeza wiki ya kwanza. Baada ya kuoshwa mara chache kwa maji ya presha, hubanduka vipande vipande. Mteja hurudi, kazi hurudiwa bure, na faida ya nembo kadhaa huliwa na moja.

Dawa yake ni msasa wa maji, namba 400 hadi 600, mpaka mng'ao wote uishe. Kisha nembo hufutwa kwa spiriti na kupuliziwa praima ya plastiki. Rangi hufuata kwa mikono miwili au mitatu miepesi, kopo likiwa umbali wa sentimita 20 hadi 30, halafu klia. Mkono mmoja mzito huchuruzika. Siku za mvua afadhali kazi ingoje, kwa kuwa unyevu huifanya klia iwe na ukungu mweupe.

Kung'oa nembo nako kuna gharama zake. Bisibisi hukwaruza bodi, na bodi ikikwaruzwa fundi hulipa. Iliyobandikwa kwa gundi hulainishwa kwa maji ya moto, kisha mshipi wa kuvulia samaki hupitishwa nyuma yake na kuvutwa kama msumeno. Utepe mpya wa kubandikia uingizwe katika bei. Wengi husahau.

Kopo la mililita 400 hutosha nembo nyingi, hivyo anayepanga bei kwa kuangalia rangi peke yake hajihesabii muda wake. Kazi ifanyike nje, mdomo na pua vikiwa vimezibwa kwa barakoa ya mafundi rangi, mbali na jiko la mkaa: gesi ya kopo hulipuka.

Wapo watakaoombwa kubandika nembo ya kampuni nyingine ili gari lipate bei. Hilo si suala la rangi tena. Sheria ya Alama za Bidhaa ya mwaka 1963 inakataza alama za udanganyifu, na Tume ya Ushindani huifuatilia.

Kazi ikiisha, kopo ligeuzwe juu chini na kupulizwa hadi itoke gesi tupu. Lisipofanyiwa hivyo mdomo huziba, na rangi iliyolipiwa hubaki ndani ya bati.