Fahamu: Kwa nini wawindaji Wainuit walipinga upanuzi wa mgodi Kanada

Mgodi wa chuma wa Mary River, katika Kisiwa cha Baffin nchini Kanada, ulitaka kuongeza shehena kutoka tani milioni 6 hadi milioni 12 kwa mwaka na kujenga reli ya kilomita 110 hadi pwani ya Milne Inlet. Wawindaji Wainuit, wenyeji wa asili wa kijiji cha Pond Inlet, walipinga, na hoja yao ina uzito: narwali, nyangumi mwenye jino refu kama mkuki, hutegemea kusikia ili aishi, na kelele za meli humvuruga kwenye maji yale yale anakowindwa. Wapo wanaosema kwamba anayewinda kwa bunduki na pikipiki ya theluji hana mila ya kutetea. Hilo silikubali, kwa kuwa zana zimebadilika lakini nyama bado hugawiwa jamaa na majirani, tena mahali ambapo bei ya chakula cha dukani haishikiki.

Suala la ajira ambazo upanuzi ungeleta ni gumu zaidi. Kazi huko ni chache kweli. Hata hivyo, kilichopingwa ni upanuzi, nao mgodi uliendelea kuchimba. Novemba 2022 serikali ya Kanada iliukataa mpango huo, kama bodi ya tathmini ya Nunavut, eneo ulipo mgodi huo, ilivyopendekeza. Ulikuwa uamuzi wa haki.