Anuarite: jina lililoandikwa kwa kosa



Alhamisi iliyopita, tulipomaliza kuhesabu pesa za likelemba, mama mmoja kijana alibaki amekaa kwenye benchi, mtoto wake wa kike mgongoni. Mtoto ana majuma sita na bado hajaandikishwa. Tulimwuliza kuna shida gani. Akatueleza kwamba mama mkwe wake, ambaye ni Mbudu wa Wamba, anataka mtoto aitwe Anuarite. Baba wa mtoto amekubali. Anayesita ni yeye peke yake.

«Mimi nilizaliwa hapa Kisangani katika vita vya siku sita,» alisema. «Jina walilonipa ni la taabu. Shuleni walinichekea, na hata siku ya ndoa watu walinong'onezana. Sasa mnataka mtoto wangu naye abebe jina la mtu aliyeuawa vitani?»

Tulinyamaza. Sisi sote tunalijua jina Anuarite. Tumeliona kwenye milango ya parokia na ya shule, na tumesikia kwaya zikijiita hivyo. Lakini wangapi kati yetu wanajua maana yake, na namna lilivyomfikia yule tunayemkumbuka kwalo? Mimi mwenyewe sikujua yote. Kwa hiyo juma hili nimesoma, nimeuliza, na nimekaa na koko wa mtoto chini ya mwembe wake. Haya ndiyo niliyopata.

Msichana aliyeitwa Nengapeta

Anuarite ni jina la Kibudu, lugha ya Wabudu wa Wamba, katika jimbo tunaloliita leo Haut-Uele. Maana yake ni «anayecheka vita», yaani mtu asiyeitetemekea vita. Nje ya Wabudu lilikuwa jina geni kabisa. Hata leo, ukihesabu wasichana katika darasa moja la mji wetu, utapata akina Furaha, Neema, Riziki na Zawadi wengi kabla ya kumpata Anuarite mmoja.

Sasa sikilizeni ajabu yake. Yule aliyelifanya jina hili lijulikane hakupewa jina hilo na wazazi wake. Alizaliwa Wamba tarehe 29 Desemba 1939, mtoto wa nne kati ya mabinti sita. Wazazi wake walimwita Nengapeta, maana yake «mali hudanganya». Anuarite lilikuwa jina la yaya yake.

Siku ya kuandikishwa shuleni, wadogo kwa wakubwa walipanga mstari kama kawaida. Sista Mzungu aliyeshika daftari alichanganya ndugu hao wawili, akamwandika mdogo kwa jina la mkubwa. Wakati ule mtoto mweusi hakumsahihisha Mzungu mwenye kalamu. Kosa likabaki kwenye karatasi, na kutoka kwenye karatasi likaingia midomoni mwa watu. Nengapeta akawa Anuarite kwa maisha yake yote.

Wamama wangapi wanaosoma haya wana karatasi yenye jina ambalo si lao? Tutarudi kwenye jambo hilo.

Kuna jambo jingine katika nyumba ile ambalo wengi wetu tunalijua kwa machozi. Baba yake alitamani mtoto wa kiume. Alipoona mabinti tu wanazaliwa, alimwacha mama yao, akaoa mwanamke mwingine. Kwa hiyo yule ambaye Papa alisafiri hadi nchi yetu kumpa heshima alikuwa mmoja wa mabinti waliohesabiwa kuwa hawatoshi. Mama mwenye mabinti watupu, usisahau maneno haya siku wakwe watakapoanza kuhesabu.

Kamio ya Bafwabaka

Msichana alikua, akabatizwa kwa jina la Alphonsine, akataka kuwa sista. Mama yake hakutaka. Siku moja kamio ilikuja Wamba kuchukua wasichana wanaokwenda kwenye konventi ya Bafwabaka. Bila kuaga, naye akapanda. Mama alipopata habari, kamio ilikuwa imekwenda zamani.

Tarehe 5 Agosti 1959 aliweka nadhiri zake katika shirika la Jamaa Takatifu, akapewa jina la Marie-Clémentine. Alifanya kazi za kawaida: alifundisha watoto shuleni, alipika, alitunza vitu vya kanisa. Koko aliniambia kwamba watu wa kwao wanamkumbuka kuwa mchangamfu na mwepesi wa kusaidia.

Mwaka 1964 uasi wa Simba ulishika sehemu kubwa ya mashariki ya nchi. Mnamo Agosti mji wetu huu, ulioitwa Stanleyville, ukaangukia mikononi mwao. Tarehe 24 Novemba askari wa parashuti wa Ubelgiji wakashuka hapa, na Wasimba wakazidi kuwa wakali huko Uele. Siku tano baadaye walifika Bafwabaka, wakawapakia masista kwenye kamio. Waliwaambia kwamba wanawapeleka Wamba. Njiani wakageuza, wakawapeleka Isiro.

Usiku ule wa kufika Isiro, wakubwa wa waasi walimtaka Anuarite kwa nguvu. Alikataa. Kanali mmoja alimpiga, akaamuru achomwe, kisha akampiga risasi. Kabla ya kukata roho, alimwambia kwamba anamsamehe, kwa kuwa hajui anachofanya. Ilikuwa usiku wa kuamkia tarehe 1 Desemba 1964. Zilikuwa zimebaki siku 28 atimize miaka 25.

Mabaki yake yamelazwa katika kanisa kuu la Isiro. Tarehe 15 Agosti 1985, mjini Kinshasa, Papa Yohane Paulo II alimtangaza kuwa Mwenyeheri. Siku hiyo Papa naye alitamka msamaha kwa yule aliyemwua. Kanisa humkumbuka kila tarehe 1 Desemba.

Jina lililokubaliwa pande mbili

Wamama wazee wanakumbuka mwaka 1972, wakati Mobutu alipokataza majina ya ubatizo ya Kizungu. Akina Marie, Jeanne na Thérèse walifutwa kwenye karatasi za serikali, wakabaki nyumbani na kanisani tu. Mobutu mwenyewe aliacha Joseph-Désiré, akawa Mobutu Sese Seko. Kila mtoto alitafutiwa jina la mababu.

Ndipo mwaka 1985 kikatokea kitu ambacho hakikuwahi kuonekana kwetu. Jina la mwanamke wa Kikongomani, kwa lugha ya kwao, lilitajwa altareni kama yanavyotajwa majina ya watakatifu wa Roma na Ufaransa. Mzazi aliyemwita binti yake Anuarite hakuhitaji jina moja kwa padri na lingine kwa serikali, kwa kuwa hilo moja lilitosha pande zote mbili.

Wenzetu Waprotestanti na Waislamu wa chama wameniuliza kama jina hili ni la Wakatoliki tu. Sivyo. Lilikuwa jina la Wabudu kabla ya misioni kufika Wamba, na yaya aliyelibeba kwanza alipewa nyumbani kwao na wazazi wasiokuwa bado Wakristo.

Jina si hukumu

Sasa nirudi kwa mama yetu kijana, maana swali lake si dogo. Sisi watu wa mashariki tumezoea kuandika shida zetu juu ya watoto. Mtoto anazaliwa wakati wa kukimbia, anaitwa Masumbuko. Baba amekufa, anaitwa Machozi. Kuna Mateso, kuna Tabu, kuna Shida, kuna Sikujua. Wazazi hawakuwa wabaya. Walisema ukweli wa siku ile. Lakini siku ile inapita, na mtoto anabaki nao miaka sitini.

Nilipomweleza koko hofu ya mkaza mwanawe, alicheka kidogo, akasema: «Amesikia neno vita, hakusikia neno kucheka. Jina lake yeye linasema vita vilitupata. Hili linasema vita havikutushinda.» Akaniomba nimfikishie hivyo hivyo, nami nimefanya.

Na kuhusu kufa: watu wawili wa tumbo moja waliitwa Anuarite. Mmoja peke yake ndiye aliyeuawa Isiro. Kama jina lingekuwa linaita kifo, lingemwita kwanza yule aliyepewa kwa kweli, si yule aliyeandikwa kwa kosa. Jina halikumchagulia njia. Yeye ndiye aliyepanda kamio, na yeye ndiye aliyesamehe.

Neno moja lazima niliseme hapa, kwa sababu nalisikia mara nyingi, na linaumiza. Wako watu wanaotumia habari za Anuarite kuwahukumu wamama na mabinti waliotendewa mabaya na wenye silaha wakabaki hai. Wanasema: «Yule alikataa mpaka kufa, wewe mbona unaishi?» Wamama, tusikubali maneno hayo katika chama chetu wala katika nyumba zetu. Mwenye kosa ni yule aliyeshika bunduki, ndiye yeye peke yake. Anuarite alimsamehe aliyemwua. Hakumhukumu mwanamke yeyote. Mama aliyepita katika moto ule, akaamka, akafagia mlango wake, akapeleka watoto shuleni, naye amevicheka vita. Jina hili ni lake pia.

Ukimpa binti yako jina la Anuarite, usimbebeshe mzigo wa kuwa sista au mtakatifu. Mweleze habari zake kidogo kidogo kadiri anavyokua. Mwambie kwanza juu ya daftari la shule na juu ya kamio, atacheka. Habari za Isiro ataambiwa akiwa na umri wa kuzielewa.

Kabla ya kwenda komini

Kosa la daftari la Wamba linatufundisha jambo la kila siku, iwe umechagua Anuarite au jina lingine lolote. Kwa hiyo tukumbuke haya:

Sheria ya familia inataka mtoto aandikishwe kwenye biro ya eta sivili katika siku 90 tangu kuzaliwa. Ukichelewa, mambo yanapelekwa tribunali, na huko kuna safari nyingi na gharama.

Sheria hiyo hiyo inataka jina litoke katika urithi wa utamaduni wetu wa Kikongomani, na inakataza jina la matusi au la kumdharau mtoto. Kabla ya kumwandika mtoto jina la uchungu wako, fikiri jinsi litakavyosikika siku mwalimu atakapoliita darasani.

Jina likishaandikwa, huwezi kubadili hata herufi moja kwa kupenda kwako. Mpaka tribunali iruhusu, na iwe kwa sababu ya haki. Hili jina letu, wengine wanaandika Anuarite, wengine Anwarite. Mdomoni ni kitu kimoja, lakini kwenye diploma na kwenye pasipoti ni watu wawili. Mkubaliane nyumbani mapema, baba, mama na koko, kisha jina moja liandikwe sawasawa kwenye karatasi ya materniti, ya eta sivili, ya ubatizo na ya shule.

Chukua karatasi, andika jina kwa herufi kubwa, mpe mwandishi akiwa anaandika. Usilitaje kwa mdomo tu. Kisha soma mwenyewe kabla ya kutia sahihi. Asiyejua kusoma aende na mwenzake wa chama. Kwa jambo hilo hakuna haya kati yetu.

Mwisho wa habari

Jumanne mama yetu alikwenda, mtoto mgongoni, mume upande mmoja na mama mkwe upande mwingine. Mkononi alikuwa na karatasi. Mwandishi alikuwa na watu wengi siku hiyo, akaandika upesi, akamsogezea daftari atie sahihi. Mama akainama, akasoma kwa kidole, herufi kwa herufi. Palikuwa na W mahali pa U. Akamwomba asahihishe. Mwandishi akaguna kidogo, lakini akasahihisha.

Mtoto anaitwa Anuarite. Na kwa kuwa koko aliomba, nyuma yake limeongezwa jina la pili, lile ambalo daftari la shule lilimnyang'anya msichana wa Wamba miaka mingi iliyopita: Nengapeta.

Alhamisi ijayo tutampokea chamani. Kila mama alete kidogo alichonacho, sabuni au kipande cha kitenge. Na ambao watoto wao bado hawajaandikishwa, hesabuni siku zenu. Wazee wetu walisema jina jema hung'ara gizani.