Laiki za Kughushi

Swali ni lile lile kila juma: programu ipi ya kuongeza laiki mtandaoni iliyo salama? Nimelijibu kwa upole muda mrefu, na upole umeniishia: hakuna. Walakini muulizaji haridhiki, kwa kuwa moyoni mwake imekwisha kukaa itikadi ya kwamba laiki huzaa laiki, yaani mashine ikishampa elfu moja za mwanzo, mtandao utamdhania kuwa mtu mashuhuri, nao utamletea watu wa kweli.

Itikadi hiyo ni batili tangu msingi. Picha ya muuza kanga, kwa mfano, haipimwi kwa idadi ya laiki peke yake, bali huonyeshwa kwanza kwa watu kadhaa, kisha mitambo ikatazama ni nani aliyesita kuitazama, ni nani aliyeandika neno, ni nani aliyempelekea sahibu yake. Ilhali roboti, ambazo hazisomi wala hazivai kanga, huacha laiki kavu isiyofuatwa na lolote. Novemba 2018 Instagram ilitangaza kwamba inazibaini laiki za namna hiyo na kuzifuta, na kumwamuru mwenye akaunti abadili neno lake la siri.

Na hizo laiki za bure zatoka wapi? Programu haina ghala ya laiki. Hukuomba neno la siri au tokeni ya ruhusa, yaani ufunguo wa kuingilia akaunti bila neno la siri, nawe ukiisha kuitoa, hukamata akaunti yako na kuilaikisha, kwa jina lako na ungali usingizini, mambo ya watu usiowajua. Hivyo wewe mwenyewe umekwisha kuwa mojawapo ya roboti wanazozitafuta wengine.

Mwingine husema: “Mimi nanunua kwa kampuni, sitoi siri yangu.” Ajabu ya werevu! Devumi ya Florida, iliyowauzia waigizaji na wanamuziki wafuasi wa bandia, ilishtakiwa na tume ya biashara ya serikali ya Marekani, na mwaka 2019 shauri likaishia kwa hukumu ya dola milioni 2.5 juu ya mwenye kampuni. Na kanuni ya tume hiyo ya 2024 yamshika hata mnunuzi anayejua kuwa anajipamba kwa ghashi ili afanye biashara.

Uliyekwisha kuingia mtegoni, fanya hima: futa kwenye mipangilio ya akaunti yako ruhusa za programu zote usizozihitaji, maana kubadili neno la siri peke yake huenda kusiifute tokeni, kisha libadili, washa uthibitisho wa hatua mbili, ondoa wafuasi wa bandia. Ukiwa na fedha za kutumia, lipia tangazo la mtandao wenyewe, uchague mji na umri wa wanunuzi wako.