Je, Wajua? Kijiji Machoni pa Mifugo

Jogoo hangoji mwanga
Mwaka 2013 watafiti wa Japani waliwaweka majogoo chumbani, kwenye mwanga hafifu usiobadilika usiku wala mchana. Wakawika vilevile, kila baada ya takriban saa 24! Saa imo mwilini mwao. Miaka miwili baadaye wakagundua jambo tamu zaidi: mbabe wa kundi ndiye huanza kuwika, kisha wengine hufuata kwa kushuka cheo. Akiondolewa, wa pili hushika usukani. Kumbe jogoo la kwanza unalolisikia ukiwa kitandani ni zamu ya mkubwa wa banda, na wadogo husubiri zamu zao kwa adabu.

Kifaranga huongea kabla hajazaliwa
Siku moja hivi kabla ya kuanguliwa, kifaranga hulia akiwa bado ndani ya yai, na mama anayeatamia humjibu. Akitoka, sauti ya mama si ngeni tena.

Usimnyemelee mbuzi
Mboni yake imelala mlalo, na anaona karibu pande zote bila kugeuza shingo. Ajabu zaidi: akiinama kula, kila jicho hujizungusha zaidi ya nyuzi 50 ili mboni ibaki sambamba na ardhi. Unamjia na kamba mgongoni, mwenzio ameshakuona.

Kondoo hasahau sura
Utafiti wa Uingereza wa mwaka 2001 ulionyesha kwamba kondoo aweza kukumbuka nyuso za wenzake 50 kwa zaidi ya miaka miwili. Mwaka 2017, huko Cambridge, kondoo walifundishwa kutambua picha ya Barack Obama wakaiweza. Picha ya mtunzaji wao waliitambua bila kufundishwa! Anayemwita kondoo mjinga anamsingizia.

Madumu matano kwa siku
Siku ya joto, ng'ombe anayekamuliwa maziwa mengi aweza kunywa lita 100 za maji, yaani madumu matano ya lita 20. Si ulafi: karibu asilimia 87 ya maziwa ni maji. Aliyewahi kubeba madumu hayo kutoka kisimani anajua thamani ya kikombe cha chai ya maziwa.

Punda akigoma, ana sababu
Farasi akishtuka hutimua mbio. Punda mara nyingi husimama kwanza, akapima hatari. Ndiyo maana fimbo haisaidii: inamwongezea hofu. Mwache atazame, anuse daraja au dimbwi lililomtisha, kisha mwongoze taratibu.